Farasi Aliyeguswa Bila Neno

Mheshimiwa Mgeni Rasmi. Ndugu Mwenyekiti wa Chama cha Sataranji pamoja na wajumbe wa kamati yako. Bwana Meneja wa kiwanda hiki cha uchapaji, ambaye kwa heshima ya siku ya leo umekubali mashine ya chini izimwe. Makocha, wachezaji wa zamani na wachezaji wa sasa. Wazazi mlioacha shughuli zenu. Ndugu wageni waalikwa, mlioketi na mlioegemea ukuta kwa kukosa viti. Na wewe shemeji yangu, uliyekalishwa kwenye kiti chenye kitambaa cheupe kama bwana harusi ambaye hakuulizwa kama anaoa: habari za mchana.

Mwenyekiti amenipa kipaza sauti, na sijui kama alifikiri vizuri kabla ya kunipa. Mimi ni mwamuzi wa sataranji. Kazi yangu maisha yangu yote imekuwa kuwanyamazisha watu. Wachezaji wananiita Mama Saa, kwa sababu mimi ndiye ninayezianzisha saa za mezani na mimi ndiye ninayezisimamisha, na katikati ya hapo sina ninalosema ila "jamani, kimya." Mtu aliyenyamaza muda mrefu hivyo, mkimfungulia mdomo, mjue anaweza kuanzia pale pale ambapo wenzake wote wamekuwa wakipazunguka. Mtanivumilia.

Leo tunamuaga mtu ambaye humu ndani hakuna anayemwita kwa jina lake. Sisi tunamwita Mpiga Chapa. Kule chini, yanakohifadhiwa mapipa ya wino na marobota ya karatasi, ndiko alikofanya kazi ya kuajiriwa tangu ujana hadi nywele zilipokwisha kichwani. Huku juu, katika chumba hiki ambacho zamani kilikuwa stoo ya vitabu vilivyokosewa kurasa, ndiko alikocheza, akafundisha, akazeeka. Kila jioni alipanda ngazi zile na vidole vyeusi, akanawa kwenye sinki lile lenye ufa, akakaa. Wino haukutoka. Kete zetu nyeupe za siku zile ukiziangalia utaona alama za vidole vyake, na nyeupe alizozipenda zaidi hazikuwa nyeupe tena.

Wageni wetu hamtaijua tabia moja ya jengo hili, kwa kuwa leo Bwana Meneja ametuzimia mashine. Siku za kawaida mashine ikinguruma chini, sakafu hii inatetemeka, na sakafu ikitetemeka kete zinatembea zenyewe. Mfalme anasogea ukingoni mwa nyumba yake, ule mraba anaosimama, farasi anageuza uso kama aliyetukanwa. Sasa katika sataranji iko kanuni moja kali kuliko zote. Ukiigusa kete yako ikiwa zamu yako, lazima uicheze. Hakuna "nilikuwa najaribu," hakuna "mkono uliteleza." Lakini kanuni hiyo imeacha mlango mmoja wazi. Kama kete imekaa vibaya na unataka kuiweka sawa tu, sema kwanza. Sema "nanyoosha," halafu ndipo uguse. Ukilitanguliza neno hilo, umeigusa kete na hulazimiki kuiondoa mahali pake. Ukisahau, umekwisha.

Basi katika jengo linalotetemeka, mtu mwenye macho ya mpiga chapa, mtu ambaye kazini alilipwa kuona mstari uliopinda kabla mwingine hajauona, mnadhani alisema neno hilo mara ngapi kwa siku? Alilisema mpaka likamtoka mezani likamfuata nyumbani. Akimwona kijana kola imemgeuka, "nanyoosha." Picha ukutani, "nanyoosha." Mke wake, Mungu amrehemu, aliwahi kuniambia kwamba hata vijiko kabatini mumewe hakuvigusa bila kuviomba ruhusa. Tulicheka sana siku ile. Mke wake alikuwa rafiki yangu kipenzi, ndiyo maana huyu ninamwita shemeji, na binti yao aliyekaa pale mstari wa mbele ananiita mama mdogo. Nayataja haya mapema ili asitokee mtu baadaye akasema Mama Saa alificha udugu.

Sasa tazameni ukutani nyuma yangu. Mnaliona bango. Limeshonwa, halikuandikwa kwa rangi. Kitambaa cheupe, herufi za buluu zilizokatwa kwa mkasi na kushonwa moja moja, na limeandikwa: KWAHERI GRANDMASTA WETU. Kona yake ya kushoto imelegea, msumari ule haukushika, na nimemwona shemeji akiitazama kona ile tangu Mheshimiwa alipoingia. Mwenyekiti naye katika hotuba yake amemwita shemeji Grandmasta kila alipovuta pumzi. Tumepiga makofi. Ni lugha ya mapenzi, nami sina ugomvi na mapenzi.

Lakini shemeji yangu si Grandmasta.

Naona Mwenyekiti umeinama. Inua kichwa, ndugu yangu, hakuna anayekusuta. Hili nimetumwa. Asubuhi ya leo, tulipokuwa tunapanga viti, mzee huyu alisimama pale mlangoni, akalitazama bango kutoka mbali kwa macho yake ya siku hizi yanayohitaji msaada, akaniita pembeni akaniambia, "Shemeji, lile neno si langu. Litoke kabla watu hawajakaa." Nikaenda kwa binti yake, ambaye ni fundi cherehani kama alivyokuwa mama yake, na ndiye aliyelishona bango lile. Alikuwa juu ya kiti, pini mdomoni, anapigilia msumari. Nikamweleza. Akazitoa pini moja moja, akaniambia kwa adabu kabisa, "Mama mdogo, likitoka lile neno, na mimi natoka." Nikabaki katikati. Baba hataki kuagwa kwa cheo ambacho hakukipata, na binti hataki baba aagwe bila cheo hicho. Nikawaambia wote wawili waende wakakae, kwamba mimi ndiye mwamuzi, nitaamua nikipewa kipaza sauti. Ndicho hiki nimekishika.

Mheshimiwa, umetazama saa yako. Usiwe na wasiwasi, saa ndiyo kazi yangu.

Labda niwaeleze kidogo Grandmasta ni mtu gani, maana neno hili siku hizi linatupwa hovyo, hata kinyozi wangu anajiita hivyo. Cheo hiki hakitolewi kwa kura wala kwa huruma. Lazima ufanye makubwa katika mashindano matatu, mbele ya Magrandmasta wenyewe, na pointi zako zipande hadi kule ambako wengi wetu hatujawahi hata kuona kwa darubini. Lakini ukikipata, umekipata. Waziri huacha uwaziri, Mheshimiwa unisamehe. Meneja huacha ofisi na funguo za gari. Grandmasta hufa nacho. Nimewasimamia wengi. Nimemwona mmoja aliyeshinda mashindano makubwa kisha akajifungia chooni akalia hadi msafishaji akaja kuniita. Nimemwona mwingine, mwanamke, aliyecheza mwezi mzima bila kujua kwamba viatu vyake havifanani. Ni watu waliolipa. Kwa hiyo ninaposema shemeji si Grandmasta, simvunjii heshima, nawaheshimu wale waliolipa, na yeye mwenyewe ndivyo anavyotaka.

Kati ya hatua hizo tatu za kuelekea cheo, mbili za kwanza alizipata. Ya kwanza aliipata ugenini, kwenye ukumbi baridi, akiwa amevaa koti la kuazima lililomzidi mikono, na alimfunga bingwa ambaye picha yake tulikuwa tumeibandika ukutani humu. Aliporudi tukamwuliza ilikuwaje, akasema yule bwana ni mpole sana na ana kikohozi. Ndiyo maelezo yote tuliyopata. Ya pili aliipata mwaka uliofuata. Ikabaki ya tatu.

Na hapo nyumbani mke wake alikuwa ameanza kuumwa. Figo. Nitasema wazi kwa sababu bila hilo hadithi haina uzito. Klabu moja ya ng'ambo, ya watu wenye uwezo, ilikuwa imemwahidi shemeji kazi ya ukocha: nyumba, shule kwa mtoto, na hospitali ambayo huku kwetu tuliisikia tu ikitajwa. Sharti lao lilikuwa moja, awe Grandmasta. Hawakutaka mtu wa karibu-karibu. Mke wake alifungasha moyo kabla ya masanduku. Alinunua hata kitambaa cha gauni la safari, akanionyesha, buluu nzuri, akasema atakikata siku mumewe akirudi na hatua ya tatu, asije akajitia mkosi.

Mashindano yakaja hapa hapa mjini, katika ukumbi wa chuo. Mimi nikiwa mwamuzi. Hadi mchezo wa mwisho shemeji alikuwa amecheza kama mtu aliyeona mbele. Alihitaji sare tu. Sijasema ushindi, nimesema sare, nusu pointi, wakubaliane wapeane mikono. Aliyekaa naye alikuwa Grandmasta mgeni, mtu mzima, mwenye mafua makali, ambaye kila baada ya muda aliinuka kwenda kupenga kamasi msalani kwa kuona haya kupenga mezani. Mchezo ulikuwa umetulia. Farasi wa shemeji alisimama mbele ya mfalme wake kama bawabu, na mradi bawabu yule asiondoke, hapakuwa na wa kuingia.

Asubuhi ya siku ile shemeji alikuwa amepitia wodini. Mke wake alikuwa amelazwa usiku wa kuamkia siku hiyo bila yeye kutarajia. Nilikuwepo pale, nilimpelekea uji. Shuka lilikuwa limejikunja chini ya mgongo wa mgonjwa, na mumewe akainama akasema, "nanyoosha," na yeye, na maumivu yale, akacheka. Akamwambia nenda kacheze. Mara nyingi nimejiuliza kama neno la siku nzima hakulimalizia pale pale wodini.

Maana kilichotokea ni hiki. Mgeni aliinuka kwenda kupenga. Ilikuwa zamu ya shemeji. Mimi nilikuwa nimewapa mgongo, saa ya meza ya jirani ilikuwa imekwama na wachezaji wake wananung'unika. Watazamaji walikuwa wamejazana kwenye meza nyingine kabisa ambako kulikuwa na vita. Farasi yule alikuwa amekaa upande, uso umegeukia dirisha. Shemeji akanyoosha mkono, akamgeuza uso ukatazama mbele, akamweka katikati ya nyumba yake. Kazi ya kufumba na kufumbua. Hakusema neno.

Siku ya kufa nyani, miti yote huteleza. Mtu aliyeomba ruhusa kwa vijiko.

Aliinua mkono, nami nikaja. Wachezaji huniita kwa mambo mengi, kalamu imeishiwa wino, jua linanipiga machoni. Nikainama kama kawaida, nikamsikiliza.

"Mwamuzi, nimemgusa farasi. Sikusema."

Nikamwuliza kama alikuwa anamnyoosha. Akasema ndiyo, alikuwa anamnyoosha, lakini hakusema. Nikautazama ubao ule. Sihitaji kuwa Grandmasta kumwona bawabu. Nikamwuliza swali ambalo kanuni hainiruhusu kulikwepa, na ambalo labda nililiuliza nikitumaini jibu jingine.

"Nani kaona?"

"Mimi."

Basi. Hakunitazama usoni, alimtazama farasi. Nikasema farasi achezwe. Ndugu wageni waalikwa, sikusimama hapa kuomba msamaha kwa hilo. Mchezaji akishakiri mbele ya mwamuzi, mwamuzi hana pa kujificha. Angekuwa mwanangu ningesema vile vile, na angekuwa adui yangu ningesema vile vile. Nawaambia tu kwamba niliposema, nilikuwa najua kitambaa cha buluu kiko kabatini.

Farasi akaondoka mlangoni. Mgeni akarudi na leso yake, akaona, akadhani ni mtego. Alifikiri sana, masikini, akitafuta ujanja ambao haukuwepo. Halafu akaingia kwenye ule mlango ulioachwa wazi, na shemeji akafungwa. Baada ya mchezo, alipoelezwa na watu yaliyotokea, alinifuata akiwa amekunja uso, akaniambia kule msalani alikuwa ameshaamua kwamba akirudi mezani anatoa mkono, waende sare, akalale. Sikumweleza shemeji jambo hilo kwa miaka. Nilipomweleza, aliniuliza kama yule bwana alipona mafua.

Mnacheka. Chekeni, hata mke wake angecheka.

Klabu ya ng'ambo ikamchukua mtu mwingine. Shemeji alijaribu tena na tena kuitafuta hatua ya tatu, na mara moja aliikaribia, lakini mtu anayecheza huku anawaza zamu ya kumpeleka mgonjwa kusafishwa damu hachezi na kichwa kizima. Mvua za mwaka uliofuata hazikumkuta mke wake. Je, kule ng'ambo angepona? Daktari mmoja alisema huenda. Mwingine alisema ilikuwa imechelewa tangu mwanzo. Nawapa maneno yao kama walivyoyasema, kwa sababu katika nyumba ile watu wawili wameishi na maneno hayo mawili, baba kwa moja na binti kwa jingine, na hawajawahi kuyaweka meza moja.

Siku ya mazishi nilikuwa karibu. Kabla ya kufunika, shemeji alipewa nafasi ya mwisho. Sanda ilikuwa imekunjamana kwenye bega la marehemu. Kisha akasema, kwa sauti ile ile ya ukumbini, ya chini, ya kutomsumbua jirani, "Nanyoosha." Akaliweka sawa bega, akarudi nyuma. Mimi nilitoka nje, sikuweza.

Wahenga walisema mcheza kwao hutunzwa. Mpiga Chapa alicheza kwao, na sisi tukamtunza vipi? Baada ya kukosa hatua ya tatu, kuna waliosema humu ndani, na baadhi yenu leo mmevaa tai nzuri, kwamba ni mjinga. Kwamba ukweli gani huo wa kumuua mkeo. Wengine walisema aliogopa, akatafuta kisingizio. Yeye aliendelea kupanda ngazi zile. Wanafunzi wake wawili wamekuwa Magrandmasta, na kila mmoja alipokipata cheti alikileta hapa akishike. Alikishika kwa kingo mbili, kama anavyoshikwa ukurasa ambao wino haujakauka, akakirudisha, akasema sasa tucheze. Wanafunzi wake hao walivipata vyeo akiwaangalia, yeye akabaki Masta wa Kimataifa, ngazi moja chini ya Grandmasta, cheo kizuri, cheo alichokitolea jasho, cheo ambacho leo hakuna aliyekumbuka kukitaja. Nakitaja mimi. Mpiga Chapa, Masta wa Kimataifa. Mpigieni makofi kwa hicho.

Asanteni.

Sasa nije kwa binti. Mwanangu, jana nilikuja kwenye chumba chako cha kushonea, ukiwa umeinamia mashine ya mama yako. Ulinisimulia ambacho hukuwahi kunisimulia. Kwamba jioni ya mashindano yale ulikuwa nyumbani kwenu, nyuma ya pazia, mtoto mdogo, na mama yako alikuwa ametoka hospitali siku hiyo hiyo. Ukamsikia baba anaeleza. Ukamsikia mama anauliza, na hakuna mtu aliyekuona? Baba akasema hakuna. Ukasubiri mama agombe, au alie, au amsifu, upate kujua wewe uwe upande gani. Mama akasema chakula kimepoa, nikupashie? Na mpaka leo hujui alimaanisha nini. Kisha ukaniambia neno ambalo limenikosesha usingizi, nalisema hapa kwa ruhusa yako uliyonipa asubuhi kwa kutikisa kichwa kukubali.

"Baba alimtunzia ahadi farasi wa mti. Sisi alitutunzia nini?"

Nimezipitia kanuni zetu zote, na zinasema mfalme aende vipi na askari aende vipi, na mchezaji akiugua afanyiwe nini, lakini hakuna kifungu kinachohusu mtoto nyuma ya pazia. Nimewahi kumlaumu baba yako? Ndiyo, kimoyomoyo, siku ya bega. Nimewahi kumwona mtu mwingine nitakayemwamini kumwachia nyumba yangu wazi? Hapana. Yote mawili ni kweli, na yananiuma yote mawili.

Nawe shemeji, lipo jambo hukulijua uliponiambia asubuhi neno lile litoke. Ulilitazama bango kutoka mlangoni, na macho yako hayafiki tena huko. Wewe uliona herufi tu, ukaona zinadai kitu ambacho si chako. Hukuona kitambaa. Kile kitambaa cha buluu, shemeji, ni gauni la safari. Kilikaa kabatini hakijakatwa mpaka juzi. Binti yako ndiye aliyekikata, na hakukata gauni, alikata herufi, kwa sababu, alivyoniambia, mama alisema kitakatwa siku baba akileta cheo. Hakulishona neno lile ili awadanganye watu. Alichoka kukiona kitambaa kinangoja.

Ndugu wageni waalikwa, huo ndio uamuzi wangu, au nusu yake. Ukweli umesemwa mbele yenu wote na hauwezi kurudishwa kabatini: huyu ni Masta wa Kimataifa, alikosa hatua ya tatu kwa mkono wake mwenyewe na mdomo wake mwenyewe. Hilo ndilo alilolitaka baba. Kuhusu bango, mwamuzi haligusi. Wenye bango ni wawili na wako ndani ya ukumbi.

Nilikuwa nimalizie hapo kwa shukrani, lakini naomba mnipe dakika. Shemeji ameinuka. Mwacheni, msimshike, anaijua sakafu hii kuliko sisi. Mwenyekiti, sogeza miguu apite. Shemeji, kiti hicho kina mguu mmoja mfupi, subiri. Sawa. Binti amekuja kukishika.

Amepanda kiti, amefika kwenye ile kona iliyolegea. Ameshaiona rangi.

Mmemsikia? Mlio nyuma hamkusikia, alisema kwa sauti yake ya ukumbini. Amesema "nanyoosha," na alisema kwanza, kabla mkono haujafika. Mimi nimemsikia, binti aliyeshika kiti amemsikia, Mheshimiwa aliye karibu naye amemsikia. Sasa ameurudisha msumari, kona imepanda, mstari umenyooka.

Basi kwa wageni ambao sataranji si mchezo wenu, nirudie kanuni niliyowaeleza mwanzo. Anayelitanguliza neno hilo ameigusa kete, na halazimiki kuiondoa. Mwamuzi ameona. Bango linabaki.

Mheshimiwa, Mwenyekiti, Bwana Meneja, ndugu zangu wote, nawashukuru kwa kunitegea masikio muda wote huu bila mtu kukohoa, saa nimeisimamisha. Nawaomba makofi yasubiri kidogo. Mzee bado yuko juu ya kiti, na binti yake amemshika miguu, analia.